Mtoto Asiyesikia Ahamie Wapi?

Vijana wa kikundi chetu cha kusoma wameanza kutunga hadithi yao wenyewe. Ni hadithi ya chuo cha uchawi chenye mabweni mawili. Wa bweni la Sauti wanapasua mwamba kwa wimbo, na wa bweni la Kimya wanazima radi kwa kuinua kidole kimoja tu. Wiki mbili nzima wamebishana nani ana nguvu kumshinda mwenzake. Halafu binti mmoja, aliyekuwa anasuka nywele za rafiki yake na hata hatukudhani anafuata maneno, akauliza: mtoto kiziwi akija kuomba nafasi kwenye hicho chuo, watampeleka bweni gani?

Wengi walijibu palepale. Kimya! Kwani si ndiko kwake?

Jibu hilo limenikaa kichwani. Naona si la kweli, na ubaya wake hauishii kwenye hadithi. Ndilo jibu ambalo sisi watu wazima tunaishi nalo hapa kambini, wakimbizi na wafanyakazi wa mashirika pia. Tunamwona mtoto asiyesikia, tunasema huyu ni wa kimya, halafu tunamwacha huko. Swali langu ni hili: huo kimya ni wa nani? Na kama kuna mtu anayepaswa kuhama kutoka mahali alipo, ni yeye au ni sisi?

Nianze na lugha yetu, maana yenyewe imetuponza. Katika Kiswahili kusikia si kazi ya masikio peke yake. Mtoto msikivu ni mtoto mtiifu. Tukitaka kumwonya mkaidi tunasema asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na akizidi tunasema sikio la kufa halisikii dawa. Sasa fikiria mtoto anazaliwa na masikio yasiyofanya kazi ndani ya lugha kama hiyo. Kabla hajafanya kosa lolote ameshawekwa upande wa wakaidi. Waganda nao bubu wanamwita kasiru, na mjinga wanamwita musiru. Mzizi ni mmoja. Hakuna aliyekaa kikao akaamua hivyo, lugha imetembea tu na mawazo ya watu mpaka ikafika hapo. Ndiyo maana mimi napenda ujasiri wa wenzetu wa Tanzania, ambao chama chao kinaitwa wazi Chama cha Viziwi, CHAVITA. Hawakutafuta jina la kuficha. Wamesema sisi ni viziwi, na hilo si tusi.

Kuna methali nyingine inayopendwa, kimya kingi kina mshindo mkuu. Hii inasifu kimya. Lakini angalia inamsifu nani: mtu ambaye angeweza kusema akaamua kunyamaza. Mzee anayewaacha vijana wapige kelele halafu anatoa neno moja. Mama anayeona kila kitu na anangoja siku yake. Kimya cha namna hiyo ni mali ya mtu, kimo mfukoni mwake, anakitumia akitaka. Jiwe halina kimya. Jiwe halisemi tu. Ili uwe na kimya lazima kwanza uwe na lugha. Basi mtoto ambaye hajapewa lugha yoyote, hata ile methali haimhusu. Hana kimya. Ana kitu kingine ambacho sijui nikiite nini, labda kufungiwa.

Nasema hivi kwa sababu nimekua na mmoja.

Wasomaji wa zamani wa jarida hili wanajua kwamba mwanzoni mwa mwaka 2008, baada ya vurugu za uchaguzi wa Kenya, watu wetu walivuka mpaka kupitia Malaba na Busia. Wengi waliwekwa Mulanda, wilaya ya Tororo, na baadaye mwaka huohuo wakapelekwa Kiryandongo. Familia yetu iligawanyika. Sisi ni Wateso, na Wateso wako pande zote mbili za mpaka, kwa hiyo mimi niliachwa miaka kadhaa kwa shangazi yangu huko Osukuru. Shangazi alikuwa na kijana wake, mkubwa kwangu kwa miaka miwili, ambaye homa ya uti wa mgongo ilimnyang'anya masikio akiwa bado ananyonya. Majirani walisema ni uchawi. Hospitali ilisema ni homa. Shangazi alisema vyovyote iwavyo mtoto ni huyu.

Kama hujafika Osukuru, ni mahali pa kelele. Kuna vilima vyenye madini ya fosfeti, kuna machimbo ya mawe, kuna viwanda vya saruji upande wa Tororo, na barabara ya kwenda Malaba ina foleni ya malori ambayo siku nyingine huoni mwisho wake. Honi usiku kucha. Na baruti. Wakipasua mwamba, mabati yanalia na kuku wanakimbilia chini ya ghala. Sisi watoto tuliozoea Malaba tu tulikuwa tunaogopa sana, na mimi zaidi, kwa sababu mlio wa namna hiyo ulinikumbusha mambo mengine.

Binamu yangu ndiye aliyekuwa anajua kwanza. Tuko tunacheza, ghafla anasimama, anatuangalia, anakandamiza hewa kwa kiganja kuelekea chini: kaeni, inakuja. Na mara inakuja kweli, buum! Watoto wa jirani waliamini ana dawa. Nilipofika sekondari mwalimu wa fizikia akanipa siri yake bila kujua. Sauti hewani inakwenda kama mita 340 kwa sekunde, lakini mtikiso ndani ya mwamba mgumu unakwenda kilomita kadhaa kwa sekunde hiyohiyo. Sisi wenye masikio tulikuwa tunangoja hewa. Yeye alikuwa hana viatu, na nyayo zake zilikuwa zimesoma ardhi kabla yetu. Kwa hiyo nikirudi kwenye chuo cha wale vijana wangu, mtu pekee ninayemjua aliyestahili bweni la Sauti, tena awe kiranja, ni huyo kiziwi.

Lakini fahamu ile ya ajabu haikumsaidia mbele ya ubao. Shule aliyopelekwa, sitaitaja, ilimkalisha dawati la nyuma miaka mitatu. Alikuwa na mwandiko mzuri kuliko wote. Alinakili kila kitu kilichoandikwa ubaoni, hata nukta, na hakujua maana ya neno hata moja. Mwalimu alimsifu ati ni mtoto mtulivu. Hapo ndipo nilipoanza kuliogopa neno hilo, mtulivu. Nyumbani tulikuwa na alama zetu kama ishirini hivi: chakula, maji, ng'ombe, shangazi, kimbia, lala. Kwa alama ishirini unaweza kumwambia mtu alete maji. Huwezi kumwambia kwamba baba yake hatarudi, wala kwa nini.

Sasa kuna watu watasema: mbona mtoto kiziwi asifundishwe kusema kwa mdomo na kusoma midomo ya watu, ili aishi na wengi? Si wazo la kipuuzi, na wenye vyeo walilikubali zamani. Mwaka 1880 walimu wa viziwi kutoka nchi mbalimbali walikutana mjini Milan, Italia, wakapiga kura kwamba lugha ya mikono iondolewe madarasani na watoto wafundishwe kwa mdomo tu. Wajumbe walikuwa 164 na kiziwi kati yao alikuwa mmoja. Mmoja! Uamuzi huo ulitembea dunia nzima. Ulifika hata huku kwetu. Kenya shule za kwanza za viziwi, kama Mumias na Nyang'oma, zilifunguliwa mwaka 1961, na mpaka miaka ya 1980 njia ya mdomo ndiyo iliyotawala kwenye shule za viziwi nchini humo. Mkutano wa walimu hao ulikuja kukiri hadharani kwamba kura ile ilileta madhara, lakini hiyo ilikuwa mwaka 2010, mjini Vancouver, Kanada. Hesabu mwenyewe, ni miaka 130.

Kosa la Milan liko wapi hasa? Sidhani walikuwa watu wabaya. Walitaka mtoto awe kama wao. Walimwona yuko ng'ambo ya mto wakasema avuke aje huku, na asipoweza kuogelea, basi afundishwe kwa nguvu zaidi. Hakuna aliyeuliza kama wao wenyewe wanaweza kuvuka. Kwa mwenye kusikia, kujifunza alama ni kazi ya miezi na uvivu kidogo. Kwa kiziwi, kusikia hakuna juhudi itakayokuleta. Mzigo ukiwa unaweza kubebwa na mmoja na mwingine hawezi, kumtwisha asiyeweza ni dhuluma, hata ukifanya kwa upendo.

Na wakati wakubwa wanabishana, watoto wanafanya mambo yao. Mwaka 1977 ilifunguliwa shule mjini Managua, nchini Nikaragua, ikachukua watoto viziwi wapatao 50. Baada ya mapinduzi ya 1979 waliongezeka, na mwanzoni mwa miaka ya 1980 walifika zaidi ya 400. Walimu waliwafundisha Kihispania cha midomo na hawakufika mbali. Ila uwanjani na ndani ya basi, kila mtoto alikuja na zile alama zake ishirini za nyumbani, wakazichanganya. Wadogo waliofuata wakazichukua na kuzitengenezea sarufi. Mwaka 1986 serikali ikamwita mtaalamu wa lugha kutoka Marekani, Judy Kegl, aje awaambie watoto wanasema nini, na kilichoonekana ni kwamba lugha mpya kabisa imezaliwa, haikufundishwa na mwalimu yeyote. Kama kuna chuo cha uchawi cha kweli duniani, kwangu ni uwanja ule wa shule. Dawa yake ilikuwa ndogo tu: kukutana. Binamu yangu alikuwa na akili ileile ya watoto wa Managua. Alichokosa ni wenzake.

Hapa nataka kumtaja mtu mmoja ambaye vijana wetu hawamjui na wangepaswa kumjua. Andrew Foster alizaliwa Alabama, Marekani, mwaka 1925, mtoto wa familia nyeusi, na akawa kiziwi akiwa na miaka 11 kwa homa ileile ya uti wa mgongo. Mwaka 1954 akawa mtu mweusi wa kwanza kumaliza Gallaudet, chuo kikuu cha viziwi cha Washington. Mwaka 1957 alikwenda Ghana, na kuanzia hapo akaanzisha shule zaidi ya 30 za viziwi katika nchi nyingi za Afrika, Kongo ikiwemo. Alifariki mwaka 1987 kwa ajali ya ndege nchini Rwanda. Ndugu zetu Wakongo waliosoma shule za viziwi kwao wanatumia alama zenye asili ya Marekani, na sababu yake ni huyo mzee. Kuna wazungumzaji hapa wanaolalamika kwamba kiziwi wa Kongo na kiziwi wa Uganda hawaelewani. Ni kweli mwanzoni. Lakini nimewaona wawili wakikaa nusu siku wakaelewana, wakati mimi na jirani yangu Mnuer ni mwaka wa tatu bado tunasalimiana kwa kutikisa kichwa.

Sheria nazo zimeshatangulia mbele yetu. Katiba ya Uganda ya mwaka 1995 inataka lugha ya alama iendelezwe. Mwaka uliofuata Alex Ndeezi, kiziwi, aliingia Bungeni Kampala. Katiba ya Kenya ya 2010 imefanya lugha ya ishara kuwa lugha rasmi ya Bunge, sawa na Kiswahili na Kiingereza. (Kenya wanasema ishara, Tanzania wanasema alama. Tusigombane.) Kwa hiyo mtu akikuambia mambo ya mikono ni mchezo wa watoto, mwambie mbunge anaweza kutunga sheria kwa mikono hiyo. Tatizo ni kwamba Bunge liko mbali na bomba la maji la bloku yetu.

Basi tuje kambini, kwenye swali linaloniumiza. Kuna mama mmoja kutoka Ituri, anauza mukene sokoni. Mtoto wake ana miaka tisa, ni kiziwi, na hajawahi kukaa darasa lolote linalomwelewa. Nafasi imepatikana kwenye shule ya bweni ya viziwi, mbali, ada inalipwa na wafadhili kwa mwaka mmoja. Sisi wafanyakazi wa vijana tulidhani atashukuru na kufunga sanduku. Akasema: "Mwalimu, nikimutuma kule atarudia na luga yake, na miye nitabakia na yangu. Tutaonana kama wageni." Halafu akaongeza kwamba mtoto akipigwa huko, au akiguswa vibaya, atamwambia nani?

Mtu wa shirika akaandika kwenye fomu kwamba mzazi anahitaji kuelimishwa. Mimi nilisoma fomu ile mara mbili. Huyu mama ameelimika kuliko sisi. Amevuka ziwa na watoto wanne, anajua maana ya kumkabidhi mtoto kwa watu usiowajua. Hoja yake ya pili ni nzito: mtoto asiye na maneno hawezi kushtaki, na wanaotafuta watoto wa kuwaumiza wanajua hilo. Hoja yake ya kwanza ni nzito zaidi. Anasema tunataka kumpa mwanawe lugha kwa kumnyang'anya mama.

Hata hivyo siko naye mpaka mwisho. Akibaki nyumbani, lugha yenyewe haingoji. Miaka ya utotoni ndiyo udongo wake, na ikipita bila mbegu, mtu mzima anaweza kujifunza alama nyingi lakini sarufi inamsumbua maisha yote. Mapenzi ya mama ni makubwa lakini yana alama ishirini. Na siku ya mahojiano ofisini, mtoto huyo atakapokuwa kijana na kuulizwa kwa nini alikimbia kwao, nani atajibu? Kwa mkimbizi, habari yako ndiyo kitambulisho chako. Sisi wengine tunalalamika kwamba tumesimulia mara nyingi mpaka tumechoka. Kuna watu hapa ambao hawajasimulia hata mara moja. Mama anasimulia kwa niaba yao, na mama anajua alichokiona yeye.

Kwa hiyo nadhani mtoto ana haki ya kwenda, na deni letu haliishi kwa kumpeleka. Kosa la mpango ule ni kwamba umemwandikia safari mtu mmoja tu. Akienda yeye peke yake, tumerudia Milan kwa njia nyingine: tena yeye ndiye anayehama, sisi tumekaa. Safari ingeandikwa kwa mama pia, na kwa dada zake, na kwa mwenyekiti wa bloku, na kwa nesi wa zahanati, kila mtu mahali pake, saa mbili kwa wiki. Na kwenu wa mashirika, nisamehe nikisema wazi: siku ya mgao tunaitwa kwa kipaza sauti. Mnazo orodha zenye kisanduku cha ulemavu, mmekijaza vizuri, mnajua idadi ya viziwi kwa umri na jinsia. Halafu mnawaita kwa kipaza sauti. Bendera moja ya rangi juu ya mti ingetosha kwa kuanzia, hata kitambaa.

Najua jibu litakalokuja. Mgao umepungua, dawa hazitoshi, watu wapya wanaingia kutoka Sudan, na wewe unatuletea habari za vidole. Nimelifikiria sana. Ni kweli njaa haina subira. Lakini alama hazinunuliwi. Mwalimu tunaye tayari, kijana kiziwi wa kutoka Sudan Kusini aliyesoma Uganda, anakata nywele karibu na kanisa na hajaomba zaidi ya sabuni na nauli ya boda boda siku za mvua. Kinachokosekana ni sisi kukubali kuwa wanafunzi, tena wanafunzi wabaya, mbele ya watu tuliozoea kuwahurumia. Nenda ukakae kati ya viziwi sita wakiwa kwenye maongezi yao. Mikono inaruka, wanacheka, wanakatizana, na wewe unatabasamu kama mjinga bila kujua wanacheka nini. Pale kiziwi ni wewe. Nusu saa ya hali hiyo ingemfundisha mfanyakazi wa shirika kuliko semina ya siku tatu ya hotelini, na chai ya saa nne tungeokoa.

Muhula unaanza mwezi wa pili na mama bado hajaamua. Alhamisi iliyopita alifunga meza yake mapema, akaja na mtoto chini ya mwembe ambapo kinyozi wetu anafundisha. Tulikuwa kumi na mmoja, wengi vijana. Kinyozi huwa anamwuliza kila mgeni anataka kuanza na neno gani, na watu huomba maji, chakula, asante. Mama alifikiri kidogo, akaniambia nimtafsirie kwamba anataka "kwa nini", sababu mtoto huyu huamka usiku akilia na hajawahi kuweza kumwuliza. Kinyozi akamwonyesha. Akarudia mara tatu, mkono wake bado unanuka mukene, kisha akamgeukia mwanawe akamfanyia. Mtoto alimtazama tu, naye alikuwa hajawahi kuiona alama hiyo. Kinyozi akavuta kigoda akaketi kati yao, akaanza kuwafundisha wote wawili.